Hosea Amtafuta Binti Yake Mnadani

Bibi Yunisi alimvalisha mjukuu wake Editha koti la marehemu babu, akambandika ndevu nyeupe, akarudi nyuma hatua mbili amtazame.

"Punguza mwendo. Mzee hakimbilii kitu. Wengine ndio wanamngoja."

Editha alikuwa anasomea sanaa za maonyesho chuoni. Mnada uliopita wa Mungaa alikaa na wanaume asubuhi nzima akiwa na gauni lake, na hakuna aliyemsogezea hata kigoda. Leo alitaka kukaa pale pale akiwa mzee, aone tofauti. Baba yake, Hosea, alifoka hadi mate yakamruka, kisha akaweka sharti: akimtambua kabla ya saa sita mchana, chuo basi, anarudi kulima alizeti.

Saa tatu Bibi Yunisi alikuwa amekaa kwenye karanga zake, karibu na benchi la wauza mbuzi. Wanaume wawili walimpisha yule mzee mgeni, wa tatu akamfutia vumbi. Bibi akayaweka moyoni.

Hosea akaingia akiwinda. Lakini mzee humkodolei macho bila salamu, kwa hiyo alilazimika kuinama kwa kila mzee aliyemkuta.

"Shikamoo mzee. Shikamoo. Shikamoo baba."

Alipomfikia Mzee Gaspari, mfupi, mwembamba, mwenye ndevu nyeupe, akaona ndiye. Akamvuta ndevu.

"Wewe Hosea!" Fimbo ikatua begani. "Nilikutahiri mimi, leo unanivuta ndevu?"

Mnada mzima ukacheka. Hosea, jasho likimtiririka, akaja kujitupa benchini kando ya yule mgeni. Mgeni akamsogezea kikombe chake cha chai.

"Asante, mzee. Namtafuta binti yangu." Akanywa, akashusha sauti. "Nimeshaapa mbele ya mama yangu, sasa siwezi kurudi nyuma. Lakini tangu asubuhi naomba Mungu nisimwone. Huyu mtoto akiwa na miaka sita alimwigiza mchungaji, kanisa zima likasema amina."

Bibi Yunisi akasahau kumenya karanga.

"Jamani, baba," mgeni akasema, kwa sauti nyembamba kabisa.

Hosea akaganda, kikombe mdomoni. Akaitazama mikono ya mgeni iliyokuwa juu ya fimbo yake, vidole vyembamba alivyovifundisha mwenyewe kushika jembe. Akamtazama mama yake, aliyekuwa ghafla anazihesabu karanga moja moja. Akatazama jua. Saa tano, labda na robo.

Akasimama, akainama mpaka kofia ikakaribia kudondoka, akapaza sauti benchi zima lisikie.

"Shikamoo mzee wangu! Kaa hapo hapo, nakuletea supu."

Akapita kwa mama yake bila kusimama.

"Sijamwona, mama."

"Pole, mwanangu," alisema Bibi Yunisi, akimjazia karanga mfukoni. "Na ulivyotafuta!"