Alama ya Penseli

Kabla sijafungua jalada lolote la polisi, humkabidhi karani wangu kalamu zangu zote. Karani huyo tunamwita Bi Kimya kwa sababu hanyamazi.

"Na ile ya kwenye nywele, mheshimiwa," alisema asubuhi hiyo, kiganja wazi.

Nikaichomoa nikampa. Mahakimu wenzangu hunicheka, na wacheke. Miaka sita iliyopita, nikisoma jalada la wizi wa vitambaa, nilitia alama ya kuuliza kwa penseli kando ya jina moja. Nilikuwa nawaza tu. Polisi walipoiona wakadhani hakimu ametoa agizo, wakaacha mengine yote, wakamkamata mwenye jina. Alikuwa fundi cherehani. Alisota rumande miezi minane mpaka mwizi mwenyewe alipopatikana.

Leo fundi yuleyule alikuwa ananisubiri ukumbini, safari hii kama mwombaji. Mwanawe, kijana mwenye duka la vipuri, hakuwa ameonekana kwa siku kumi na moja. Baba alitaka niwaamuru polisi wamkamate mshirika wa mwanawe pale dukani.

Nilisoma jalada mara mbili. Maelezo ya mshirika yalikuwa mistari minne: siku kijana alipopotea alifunga duka saa kumi na moja jioni, akaenda zake nyumbani. Basi. Hakuna aliyemhoji mlinzi wa jengo. Jamani, mlinzi! Vidole vikaniwasha. Ila hata jina la yule fundi, miaka sita iliyopita, liliniwasha hivihivi.

Ukumbini nikajitahidi sauti iwe kavu. Nikasema uchunguzi bado unaendelea, na mahakama haiwachagulii polisi wa kumkamata wala wa kumhoji. Ninachoweza ni kuhakikisha hawalali. Nikaamuru mpelelezi alete ripoti ya alipofikia baada ya siku kumi na nne.

Fundi akasimama. Uzi mweupe ulikuwa umenasa kwenye mkono wa koti lake.

"Mheshimiwa, kuna kitu umekiona humo. Uso wako unasema."

"Nilichokisoma sitakisema hapa, mzee wangu."

"Mimi wakili wangu alinionyesha ile alama yako ya penseli. Sikuja kukulaumu. Naomba tu na huyu umtilie. Moja tu, mama."

Bi Kimya akavitazama vidole vyangu.

"Siwezi," nikasema.

"Haya. Kwangu mimi penseli ilikuwepo. Kwa mwanangu haipo."

Akaketi. Niliona aibu, sifichi, na nikaahirisha shauri haraka kuliko ilivyo desturi yangu.

Kwenye korido mpelelezi akanifuata, daftari lake liko wazi tayari.

"Mheshimiwa, kama kuna mahali nimepitiwa, niambie hapahapa. Naondoka sasa hivi kwenda kufuatilia."

Hakuwa na ubaya, maskini. Alikuwa amechoka na alitaka kusaidiwa. Neno "mlinzi" lilikuwa ulimini, silabi tatu tu, na hakuna ambaye angejua. Nyuma yake, kwenye benchi, fundi alikuwa anatutazama.

"Lisome upya jalada lako, afande."

"Ukurasa gani?"

"Lote. Halafu fanya kazi yako."

Akafunga daftari. Nilimtazama akishuka ngazi mpaka akapotea, na nusura nimwite.

Ofisini Bi Kimya akanirudishia kalamu moja ili nitie saini ile amri. Aliisoma kwanza kwa sauti, kama kawaida yake.

"Siku kumi na nne. Na zile kumi na moja zilizopita, ishirini na tano. Mie mwanangu akichelewa kurudi saa moja tu, naanza kupiga simu hospitali."

"Bi Kimya, tafadhali."

Nikatia saini. Kisha nikamrudishia ile kalamu upesi, maana mkono ulikuwa bado unataka kuandika.