Kuno Ananyongwa

Berlin nzima ilijua kwamba hakuna mwigizaji wa sinema anayekufa vizuri kama Kuno Lessnau. Mabwana wenye sura za kupendeza waliachiwa wachumba na maua. Yeye aliachiwa kisu, sumu na risasi, na watu walitoa kiingilio waje wamwone akikata roho. Asubuhi ile zamu ilikuwa ya kitanzi.

Mikono ilifungwa nyuma, tena kikweli. Chini ya shati alivishwa mkanda wa ngozi wenye ndoano mgongoni, umbebe yeye, kamba ya shingoni ibaki pambo tu. Bibi Trude, mtunza mavazi, aliuvuta mkanda akaguna.

"Ngozi imechoka hii, baba."

"Kama mimi tu, mama. Wewe funga."

Studio ilikuwa kelele tupu: taa zinanguruma, mpiga fidla anakwaruza wimbo wa msiba ili kuwatia watu huzuni. Sinema yenyewe bubu, nani ajali kelele? Mwongozaji, Bwana Dahlke, akapaza sauti, "Piga!" Ottokar, mpiga picha, akaanza kuzungusha mpini wa kamera. Kibao kikafunguka chini ya miguu ya Kuno.

Mkanda ukaachia upande mmoja. Kamba ikamkaba.

"Mkanda umekatika!" akapiga ukelele. "Nishusheni! Nakufa!"

"Safi!" akajibu Dahlke. "Omba hivyo hivyo!"

"Si mchezo, mjinga wewe! Nakufa kweli!"

"Punguza miguu, Kuno! Unazidisha!"

Lo! Mtu anakata roho, wenzake wanamsahihisha. Miaka yote mbele ya kamera alikuwa akisema lolote lililomjia, matusi, bei ya viazi, na hakuna aliyemsikiliza. Walitazama mdomo ukicheza, basi. Mkanda ukateleza tena. Pumzi ikakatika, sauti nayo ikaenda. Akaelewa kwamba kadiri anavyokufa ndivyo watakavyozidi kumpiga picha. Dawa ni kuiharibu picha yenyewe.

Akaikodolea kamera macho, kosa ambalo hata mwanagenzi halifanyi. Akatabasamu. Akakonyeza.

"Aa! Ameniangalia!" Ottokar akaachia mpini kwa hasira. "Imeharibika!"

"Mshusheni huyo mpumbavu!" akafoka Dahlke.

Wakamlaza sakafuni. Dahlke akamsimamia. "Wewe wa kunifanyia hivi? Na kule mwanzo ulikuwa uongo mtupu. Mtu anayekufa harushi miguu vile. Badilisheni mkanda, turudie."

Kuno akafungua mdomo kukataa. Sauti haikutoka. Akajaribu tena, midomo ikacheza bure, machozi yakachuruzika juu ya rangi nyeupe ya usoni.

"Huo! Uso huo huo!" Dahlke akaruka kwa furaha. "Ottokar, piga!"

Mpini ukaanza kuzunguka, fidla ikadaka wimbo. Bibi Trude akavua aproni yake, akaivika kamera, akawageukia wote.

"Nyie watu, macho mmeyaweka wapi? Haigizi huyu! Analia!"