Goli Lililokataliwa Lapiga Hodi

Jana mchana, baada ya kula, Thekla Komba alijilaza kwenye kochi la shangazi yake pale Songea, akaota kwamba goli alilolikataa limekuja kumshtaki.

Lilipiga hodi kistaarabu. Lilikuwa na urefu wa wastani, limevaa wavu mpaka miguuni, na lilikuwa limechana nywele.

"Karibu," Thekla alisema. "Wewe nani?"

"Mimi ni goli la Osmund. Lile la Jumapili."

Thekla alilijua mara moja. Yeye ni mwamuzi chipukizi wa mpira wa miguu, mwenye ndoto ya kuchezesha ligi kuu. Osmund Ngonyani ni mshambuliaji, fundi majokofu, na mpenzi wake tangu masika ya mwaka jana. Wawili hawa hupendana kwa kelele: leo wamenuniana, kesho wanacheka mpaka majirani wanafungua madirisha. Lakini Jumapili mambo yalizidi. Mechi ilikuwa ukingoni, Osmund akafunga, Thekla akapuliza kipenga: ameotea. Osmund akamfuata mbele ya uwanja mzima.

"Umelikataa ili umfurahishe huyo mkufunzi wako!" alifoka, kidole kikielekea jukwaani, alikokaa mkufunzi wa waamuzi aliyetoka Dodoma kutafuta vijana wenye kipaji.

Jioni ile ile mkufunzi alimchagua Thekla kwenda mafunzoni. Thekla hakumwambia Osmund. Aliapa hatamsemesha mpaka aombe radhi. Radhi haikuja, na sasa safari ilikuwa kesho.

"Umeshakula?" Thekla aliliuliza goli.

"Magoli hayali, dada. Hufungwa tu. Mimi nilifungwa mbele ya watu, nawe ukanifungua. Tangu siku hiyo sina kwangu. Hata kwenye ubao wa matokeo wamenifukuza."

"Pole."

"Asante. Twende, wanakusubiri."

Thekla anafungua mlango wa uani, na uani ni uwanja. Umejaa pomoni. Watu wanaruka, wanapiga madebe, wanaimba jina lake na la Osmund kwa zamu. Penye alama ya penalti shangazi amebandika kikaango, anapika vitumbua na kuwaonya wachezaji wasimkanyagie unga. Jukwaani mkufunzi amekaa na mkewe, ambaye ni mstari wa katikati ya uwanja. Wameshikana mikono.

"Sikujua ana mke," Thekla anasema.

"Wameoana zamani," goli linajibu. "Hana macho kwa mwingine."

Mbele ya watu wote ameketi Kipenga, mkubwa kama tangi la maji. Kila akiwaza, kokwa ya tumboni mwake, ile inayomfanya alie akipulizwa, inabingirika kwa kishindo. Upande wa pili amesimama Osmund, kimya, pekupeku. Thekla anamwona tu, moyo unamruka. Anaukemea. Unaruka tena.

"Osmund hatasema kitu," Kipenga anatangaza. "Jumapili alisema yake yote na ya kesho yake. Madaruga yake ndiyo yatakayomsemea. Shauri letu ni moja: katika mapenzi haya, nani ameotea?"

"Yeye!" Thekla anadakia.

"Tuanze na wewe. Kesho unakwenda Dodoma?"

"Ndiyo."

"Umemwambia?"

"Sijamwambia."

"Yaani umetangulia mbele kabla hajakupa pasi. Kitendo hicho kinaitwaje?"

Kibendera cha mwamuzi msaidizi kinanyanyuka chenyewe. Uwanja mzima unapiga kelele: "Kaoteaaa!"

Thekla anapiga hatua mbele, anainua mkono kama anavyofanya akiwa kazini.

"Sheria ya kuotea naijua kuliko jina langu," anasema. "Mchezaji akiwa kwenye nusu yake haotei! Uamuzi ni kazi yangu, nimeutolea jasho tangu nikiwa shule. Hiyo ni nusu yangu!"

Uwanja unalipuka. Madebe yanapigwa mpaka yanabonyea. Shangazi anarusha kitumbua juu, hakirudi. Kokwa inabingirika tumboni mwa Kipenga, kwenda na kurudi.

"Pingamizi limekubaliwa," anasema hatimaye. "Kwenda Dodoma hukuotea. Sasa niambie: kunyamaza kuko nusu ya nani?"

Kibendera kinabaki juu.

"Tuyasikie madaruga," Kipenga anasema.

Madaruga, viatu vya mpira vya Osmund, yanasogea mbele yenyewe. La kulia limejikaza kamba mpaka shingoni. La kushoto linakohoa.

"Kesho tunakwenda Mbeya," linasema. "Jumatatu tuna majaribio kwenye timu kubwa."

"Nyamaza wewe!" la kulia linafoka.

"Siwezi! Amejua tangu mwezi uliopita, na kila siku anasema atamwambia Thekla kesho. Alipomwona yule mkufunzi akaogopa. Akajua huyu binti atapaa. Akaona heri yeye atangulie kuondoka kuliko kuachwa amesimama. Zile kelele za Jumapili alikuwa anajipigia mwenyewe. Sisi humbeba kila siku, tunamjua."

Likishasema hivyo, njumu moja inadondoka kutoka kwenye unyayo wake, kama jino.

"Nikisema kweli huwa nang'oka," linaeleza. "Si kitu. Ishike."

Thekla anaiokota, anafumba mkono. Anamtazama Osmund. Osmund anatazama nyasi. Masikio yake yamekuwa mekundu kama udongo wa Songea.

"Hukumu," anasema Kipenga. "Wote wawili mmeotea."

"Na mimi?" goli linauliza kwa sauti ndogo. "Nitarudishwa ubaoni?"

Thekla analigeukia. Angependa kusema ndiyo. Lina adabu, na limetembea njia ndefu.

"Hapana," anasema. "Ulikuwa umeotea kwa kidole cha mguu. Nilikiona. Kama ningekukubali kwa sababu nampenda aliyekufunga, ni nani angeniamini tena? Hata yeye mwenyewe asingeniamini."

Osmund anainua uso. Kwa mara ya kwanza tangu Jumapili anamwangalia kama mtu anayemfahamu.

Goli linashusha pumzi. "Kumbe uliona. Basi nimeridhika. Kilichoniuma ni kudhani nimeuzwa." Linavua wavu wake, linamkabidhi shangazi aanikie dagaa, linaondoka likipiga mluzi.

"Sheria inasema aliye sambamba haotei," Kipenga anasema. "Haya, kimbieni!" Kisha anajipuliza mwenyewe.

Uwanja unainuka kama mkeka unaokung'utwa. Wanakimbia. Nyasi zinageuka mashamba ya chai ya Njombe, baridi inawachapa mashavuni, watazamaji wanakimbia nyuma na madebe yao. Thekla akizidi mbele kidogo, kibendera juu! Anapunguza. Osmund akichomoka, kibendera juu! Anarudi. Wanagombana huku wanahema.

"Ongeza!"

"Punguza wewe!"

Halafu bega linakuwa sawa na bega, kibendera kinalala, na uwanja mzima unaimba. Thekla hajawahi kukimbia hivyo. Anacheka kwa nguvu mpaka anaamka.

Moyo ulikuwa bado unamwenda mbio. Shangazi alikuwa anaita kutoka mlangoni.

"Thekla! Una mgeni, na hataki kukaa."

Osmund alikuwa amesimama barazani, madaruga yamening'inia begani.

"Nimekuja kuomba radhi," alisema. "Nilikukosea mbele ya watu, na nilisema nisilolijua. Tena kuna jambo nimekuficha. Kesho..."

"Mbeya," Thekla alisema. "Una majaribio Jumatatu."

Osmund alishtuka. "Nani kakwambia? Hata mama sijamwambia!"

Thekla alitaka kujibu, ndipo akahisi kitu kinamchoma kiganjani. Akafumbua mkono. Ilikuwa njumu moja, imekaukiwa na tope.

Osmund aliitazama. Akashusha madaruga, akaligeuza la kushoto. Palikuwa na pengo.

"Asubuhi nimeyakagua," alisema polepole. "Njumu zote zilikuwepo."

"Na mimi nimekuficha jambo," Thekla alisema haraka, kabla hajapoteza ujasiri. "Nimechaguliwa mafunzo ya uamuzi Dodoma. Naondoka kesho asubuhi. Nilitakiwa kukwambia siku ile ile."

Tabasamu likaanza kumtoka Osmund, dogo, likakua.

"Kesho asubuhi," alirudia. "Wewe Dodoma, mimi Mbeya. Mpaka njia panda ya Makambako si njia moja?"

"Njia moja."

"Basi tutapata muda wa kuongea."

Alichukua njumu kiganjani mwa Thekla, akachuchumaa pale pale barazani, akaanza kuikaza kwenye daruga. Ikaingia barabara.

"Mbona kimya huko?" shangazi aliuliza kutoka ndani. "Mmegombana tena?"

"Bado, shangazi," Thekla alijibu.