Migongo ya Mtundwe

Zamaradi anapitiwa na usingizi adhuhuri, kaegemea gunia la mwani, mbele yake mchoro wa mama uliokwisha wote isipokuwa uso. Mwaka wa tatu huu anauhangaikia. Mama alilima mwani hapahapa rasi ya Mtundwe, mwisho wa njia, akafa hajapigwa picha hata moja, na mtoto wake mchoraji, jamani, kamsahau sura! Linamla roho. Anafumbua macho, au anadhani kafumbua, na bahari imekupwa hata haionekani ilikokwenda. Mbele ni njia za mchanga, njia inazaa njia, na kando ya kila njia mji umesimama kichwa chini ndani ya dimbwi, misikiti na mapaa ya makuti, vyote vinatetema. Na mchanga ni zambarau. Naam, zambarau! Akipepesa ni waridi, akipepesa tena ni rangi ya maziwa. Zamaradi, aliyefundishwa mjini kwamba mchanga ni kahawia basi, anabaki mdomo wazi. Subhanallah, anasema, miaka yote nilikuwa nachora nini?

Wanawake wameinama mashambani humo majini, wanafunga mwani kwenye kamba, na chini ya kofia zao hamna nyuso, mna mwanga mtupu. Anamkimbilia wa kwanza. Samahani bibi, mama yangu yuko wapi? Yuko pale utakapoacha kumtafuta, anajibu yule, na mdomo hana. Ebo, hilo nalo jibu? Anamwendea mwingine, na mwingine, na maji yanarudi, yako vifundoni, yako magotini, na yakijaa wote watakwenda zao. Hofu inamshika. Nionyesheni uso wake! analia. Wa mwisho anacheka. Uso wa nini, mwanangu? Sisi kutwa tumeinama, tunajuana kwa migongo.

Zamaradi anatazama migongo. Mmoja bega la kushoto limelala, kanga imelowa, na mwanga wa maji unaupanda kijani, dhahabu, kijani. Ndiye! Machozi yanamtoka, naye anapaka rangi kwa vidole juu ya mchoro wake uleule, hapigi mstari hata mmoja, doa la mwanga juu ya doa, upesi, kabla bahari haijabadili nia.

Anazinduka, vidole vimelowa rangi. Dada yake Riziki anapanda kutoka shambani, anautazama mchoro, uso hamna, mgongo tu umeinama kwenye mwanga. Riziki anatua gunia taratibu. Shikamoo, mama, anasema.

Na Zamaradi, asiyejua kama kaamka au bado yuko kulekule, anasikia wazi kabisa, marahaba.