Kijiko cha Mama Kusum

Peniel alijua. Hilo ndilo lililomtafuna baadaye, maana asingejua angepata la kujitetea. Asubuhi ile ile, baada ya shikamoo na chai, Mama Kusum alimweleza taratibu mbele ya kamera: chakula cha marehemu mpishi haonji. Kinawekwa juu ya ukuta wa uani kabla saa sita mchana haijapita, na kunguru wakila, basi mumewe amepokea. Watu wanakula baadaye.

Miaka kumi na mmoja, kila siku ya kumbukumbu ya kifo chake, bibi huyo wa Kihindi alikuwa akimpikia mzee wake dudhpaki, yaani mchele unaochemshwa kwa maziwa, sukari na iliki mpaka uwe mzito, katika nyumba aliyoijenga mzee mwenyewe hapa Singida mjini. Mwezi ujao mtoto wao angemhamishia Dar, ghorofa ya sita. Kwa hiyo hii ilikuwa mara ya mwisho. Peniel, kijana wa Misigiri aliyekuwa akitengeneza filamu ya mapishi ya Wahindi wa bara, alijiona ameokota dhahabu.

Sasa, filamu za mapishi nazo zina ugonjwa wao. Mpishi asipoonja na kutabasamu, wakubwa wa runinga wanasema kazi haijakamilika. Saa tano, sufuria ikitokota, Peniel akaanza.

"Mama, chonde, onja kidogo tu."

"Hapana, mwanangu. Si nilikwambia?"

"Ncha ya kijiko tu. Mzee mwenyewe angefurahi kukuona kwenye runinga."

Loo, ulimi huo! Kumtaja marehemu wa watu kwa ajili ya picha! Severina, msaidizi wa jikoni wa miaka mingi, akamkata jicho. "We Peniel, mwache mama." Lakini Mama Kusum alikuwa mtu wa haya, hakujua kumnyima mgeni. Akachota, akaonja, akatabasamu kama alivyoombwa. Picha ikatoka safi ajabu.

Kisha Mama Kusum akazima jiko.

"Si tupike kingine?" Peniel akauliza.

"Maziwa yamekwisha," Severina akamjibu, bila kumtazama.

Peniel akadandia bodaboda mpaka Unyambwa, nje ya mji, kutafuta maziwa, akahangaika nyumba hadi nyumba, akapata lita tatu. Aliporudi ilikuwa saa saba kasoro robo.

"Muda umepita, mwanangu," alisema Mama Kusum. "Pole kwa jua."

Heri angemtukana! Badala yake alipakua kwenye sahani ya mumewe, akamwekea mbele. "Kula. Sasa ni chakula cha watu tu."

Peniel akala. Kilikuwa kitamu, akakimaliza chote. Aliona aibu, akatamani ardhi ipasuke immeze. Nje kunguru walikuwa wameshatua ukutani, wanapiga kelele. Mama Kusum akatoka na ufagio, akawafukuza mmoja mmoja, huku akiwasemesha Kigujarati kwa sauti ya mtu anayeomba radhi.