Bomba la Mrembo

Yudith alijitwisha ndoo na kuanza kupanda. Njia ya kutoka kijitoni ilikuwa tope tupu. Wanawake waliotangulia walikuwa wakiongea Kishambaa, lakini alipowakaribia wakanyamaza.

"Shikamoo, mama Rubeni."

"Marahaba," mama huyo aliitikia bila kugeuka.

Walikuwa hivyo tangu arudi. Mwaka uliopita kitongoji chote, hapa milimani Usambara, juu ya Bungu, kilimsindikiza kwa kwaya alipokwenda ng'ambo kuiwakilisha nchi kwenye mashindano ya urembo ya dunia. Kila mshiriki alitakiwa kupeleka filamu ya jambo alilowafanyia watu wake. Kabla hajaondoka, waandaaji walikuja na mafundi, wakajenga tangi na bomba karibu na kanisa, wakalijaza kwa boza, lori la maji, wakampiga picha Yudith akifungua maji huku watoto wakirukaruka. Aliambiwa bomba la kutoka kwenye chemchemi lingefuata. Halikufuata. Naye alitolewa raundi ya kwanza, akavuliwa taji uwanja wa ndege, akarudi kwenye kabichi za mama yake. Watu wakaamini amekula fedha za maji.

Kisha Tabitha, rafiki yake tangu darasa la kwanza, akateleza na ndoo kwenye njia ileile, mimba yake ikiwa kubwa. Mtoto walimzika migombani, nyuma ya nyumba. Yudith alikwenda msibani, akakaa peke yake. Tabitha hakumtazama.

Nyumbani alimkuta Alphonce, mratibu wa mashindano, amekaa na taji mapajani ndani ya mfuko wa plastiki.

"Mrembo wetu! Jiandae. Mfadhili mkuu yuko njiani, anataka kuliona bomba."

"Lile kavu?"

"Boza limeshapanda."

"Na akishaondoka?"

Alphonce alishusha sauti. "Yudi, akifurahi tutapata hela ya kuvuta maji. Akikasirika, basi. Unataka waseme ni wewe uliyewanyima?"

Mama yake alikuwa mlangoni akimenya viazi. "Kavae, mwanangu," alisema.

Akavaa gauni na taji. Tope la miguuni halikutoka lote.

Mfadhili alikuwa mzee wa Kizungu, mpole, aliyempa kila mtu mkono. Yudith alifungua bomba, maji yakaruka, watoto wakashangilia. Mzee akaomba mrembo aseme neno. Hata ng'ambo Yudith alisemewa na mkalimani. Kiingereza chake kiliishia kwenye maneno machache. Leo mkalimani alikuwa Alphonce.

Nyuma ya watu wote alimwona Tabitha, kanga kaifunga tumboni kwa nguvu.

"Maji haya yameletwa na boza asubuhi," Yudith alisema. "Kesho hayapo. Yangekuwepo, mtoto wa Tabitha angekuwa hai. Mimi nilicheka mbele ya kamera, sikuuliza bomba la chemchemi lingekuja lini. Baba, panda mwenyewe ukaione chemchemi. Hakuna bomba huko."

Mzee alimwinamia Alphonce, naye Alphonce akatabasamu, akaongea kwa Kiingereza kirefu. Macho ya mzee yakalengwa na machozi. Akapiga makofi.

"Umemwambia nini?" Yudith aliuliza.

"Kwamba akina mama wanashukuru."

Yudith alimshika mzee mkono. Akamwambia kwa Kiingereza maneno mawili aliyokuwa na hakika nayo, kwamba hakuna maji. Mzee akalitazama bomba lililokuwa likibubujika, akacheka kwa upole, akakinga maji kwenye kiganja chake na kumwonyesha: haya hapa.

Magari yalipoondoka, Alphonce alikuwa amekwisha kulichukua taji. Hakuaga.

Wanawake wakakimbilia ndoo. Yudith alisimama mwisho wa foleni, gauni limelowa mpaka magotini. Tabitha akaja na ndoo yake, akaitua kando ya ya Yudith.

"Kwa nini hukuniambia mapema kwamba nawe ulidanganywa?"

"Ungeniamini?"

Tabitha alifikiri. "Nisingekuamini," alisema. Akajifuta macho kwa pindo la kanga.

Mbele yao bomba lilikohoa, likatema upepo. Mama Rubeni akalizungusha huku na huku, halafu akaliacha wazi. Wanawake walibaki wamesimama pale na ndoo zao, hakuna aliyetaka kuwa wa kwanza kuondoka.