Fomu Inataka Arobaini

Kazini walimwita Bi Mawingu kwa utani, kwa kuwa kila asubuhi alisimama dirishani akilikodolea ziwa macho kabla hata hajaweka mkoba chini. Siku ile aliliona doa: duara jeusi juu ya maji yaliyotulia tuli, na juu yake wingu nene lenye tako bapa.

Miaka kumi na moja ya kupima hali ya hewa ilimfundisha kwamba kimbunga cha maji hakingoji dhoruba. Mara nyingi huzaliwa ziwa likiwa shwari, maji yana joto, wingu linakua kwa pupa. Kwanza doa, halafu manyunyu yanayozunguka, kisha bomba jeupe la ukungu, na hapo nahodha hana lake.

Boti mbili zilikuwa majini: ya abiria, na ya mchanga ya kaka yake, isiyo na redio.

"Mkuu, tutangaze tahadhari!"

Mkuu wa kituo alitazama kipima upepo, akavuta fomu. "Kilomita saba kwa saa. Fomu inataka arobaini. Sitii saini."

"Kipima upepo kiko juu ya paa letu, kimbunga kiko kule! Mwenye macho haambiwi tazama!"

"Dada, utaratibu ni utaratibu. Juzi ulitutisha, kikafa chenyewe."

Ni kweli, vingi hufa ndani ya robo saa, lakini robo saa inatosha kupindua boti. Fomu gani hiyo, iliyotungwa na mtu asiyewahi hata kulowa miguu! Na ufunguo wa chumba cha redio ulikuwa mfukoni mwa mkuu. Akanyakua simu yake.

"Kaka, geuza! Usikimbie mbele yake, kipishe kwa ubavu!"

"Mdogo wangu, mbona kumetulia?"

"Geuza, nakwambia!"

Akageuza. Namba ya nahodha wa boti ya abiria hakuwa nayo.

Bomba lilishuka, likadumu dakika tisa. Abiria kumi na wanne waliokolewa. Watatu walizama.

Jioni mkuu alimwekea kitabu cha kumbukumbu mezani. "Andika 'shwari', utie saini. Na umshukuru Mungu, kaka yako mzima."

Bi Mawingu alikisukuma kitabu kikaanguka sakafuni.

"Mzima kwa sababu ni kaka yangu," alisema. "Na wale watatu, Mkuu, walitakiwa wawe ndugu wa nani?"